Leso ya Mfuko wa Nyuma

Furaha alinipigia simu Jumanne asubuhi nikiwa nimesimama kwenye ngazi za nyumba ninayopanga hapa Kenmore, kando ya Buffalo, nikiondoa theluji kwa ufagio wa ndani kwa sababu koleo lilivunjika na sikununua jingine. Alianza kwa Kiingereza, kama tulivyozoeana, akahamia Kiswahili alipofika kwenye jambo lenyewe. "Kaka Onesmo, Papa ametutoka." Moyo, hospitali, Jumapili jioni, alinieleza yote kwa sauti iliyonyooka, ya mtu ambaye ameshawapigia wengi kabla yangu. Kisha akaniomba picha. "Ya uso," alisema. "Ya kuweka kwenye bango na kwenye fulana. Kwenye simu zetu yuko nusu, au anakula, au amefumba macho. Ile ya leseni anaonekana kama mtu aliyekamatwa. Video za kanisa zote ni mgongo tu. Lakini wewe ndiye ulikuwa fundi wetu. Wewe utakuwa nayo nzuri." Nikamwambia ninayo. Nilikuwa bado nimeshika ufagio nilipokumbuka kwamba sina.

Baba yake, Papa Byamungu, alikuwa mwalimu wa kwaya katika kanisa la Wakongo mjini Louisville, na mwaka ule nilipokuwa na miaka ishirini na miwili nilipanga chumba nyumbani kwake. Sijampiga mtu mwingine yeyote picha nyingi kama nilizompiga yeye. Katika zote amenipa mgongo. Hakunipa mgongo kwa hasira. Mimi ndiye niliyemwomba ageuke.

Chumba changu kilikuwa cha nyuma, karibu na jiko, na ndani yake kulikuwa na kitanda, dirisha moja lililotazama ukuta wa jirani, na friza. Friza ilikuwa kubwa kuliko kitanda. Mama Furaha alihifadhi humo sombe, yaani kisamvu, ya mwaka mzima, samaki waliokunjwa mikia ili watoshe, na nyama ya mbuzi iliyogawanywa kwenye mifuko ya watu ambao hawakuwa na friza zao. Kwa hiyo chumba changu kilikuwa pia njia. Watu walibisha hodi na kuingia kabla sijaitika, wakasema, "Pole, mwanangu, ni samaki tu," wakainua kifuniko, baridi ikatoka, wakaondoka. Mlango haukuwa na kufuli. Nililala nikisikia mtambo ule ukiguna na kunyamaza, na hata leo, katika nyumba hii ambamo hakuna anayebisha hodi, nikisikia friji ya jirani ikiwaka nyuma ya ukuta huwa nageuka kutazama mlangoni.

Mimi napenda wanaume. Naliweka hapa kwa maneno mafupi kwa sababu mwaka ule nililizungusha mno. Sikuwa na mtu wa kumwambia. Nilikua katika kambi ya wakimbizi huko Kigoma, pamoja na Warundi wenzangu, ambako jambo hili lilikuwa halina hata utani wake. Na Louisville nilikuwa na kazi ya kupanga vifurushi ghalani, kanisa, na chumba chenye friza. Nilikuwa pia na kamera, niliyoinunua ikiwa imeshatumika, yenye mkwaruzo kwenye lenzi ambao niliuona katika kila picha, hata zile ambazo wengine waliapa hauonekani. Nilijifundisha mwenyewe, kwa kutazama video kwenye simu wakati wa mapumziko, bila sauti kwa sababu niliona haya kusikika nikijifunza. Huko ndiko nilikogundua kwamba kuna upigaji picha ambao wazo hutangulia: unaamua kwanza unachotaka kuuliza, kisha unatafuta kitu kitakachouliza kwa niaba yako. Kwa mtu mwenye wasiwasi kama mimi hiyo ilikuwa habari njema. Sikulazimika kumsogelea mtu wala kumwambia atabasamu. Ningeweza kupiga mkono, kiti, mfuko, halafu nikaandika chini yake sentensi moja, na kazi ikawa imekwisha bila mimi kumtazama mtu machoni.

Huko huko mtandaoni nikakutana na alama. Zamani, kabla ya simu za mkononi, wanaume wa Marekani waliopenda wanaume walikuwa na namna za kutambuana bila kusema: funguo zilizoning'inia kiunoni upande fulani, hereni ya sikio moja, na zaidi ya yote, leso ya rangi iliyochomoza kwenye mfuko wa nyuma wa jinzi. Kila rangi ilikuwa na neno lake. Mfuko wa kushoto ulisema hivi, wa kulia ulisema vile. Nilizikariri kama watoto wa Shule ya Jumapili wanavyokariri vitabu vya Biblia, kwa mpangilio, nikijisahihisha mwenyewe. Rangi nyingi zilisema mambo yaliyonifanya nifunike simu kwa kiganja. Lakini rangi ya chungwa niliielewa na nikaipenda. Kushoto ilisema: niko tayari kwa lolote, saa yoyote. Kulia ilisema: kwa sasa, hapana, asante. Nilinunua leso moja ya chungwa. Niliipiga pasi hadi kona zikakutana sawasawa, nikaikunja, nikaikunjua kwa sababu kona moja ilikuwa imezidi, nikaipiga tena.

Jumamosi moja nilipanda basi hadi mtaa ambao nilikuwa nimesoma kwamba una baa za watu kama mimi. Nilisimama karibu na ukuta jioni nzima, mfuko wa kushoto umeelekezwa kwa watu, soda mkononi. Wanaume walipita, wengine wazuri kiasi cha kuumiza, wakicheka kwenye simu zao. Nadhani hapakuwa na hata mmoja wao aliyejua alama zile. Nilikuwa nimejifunza lugha ya watu ambao wengi wao walikuwa wameshakufa. Mwishoni kijana mmoja alinigusa bega, nikageuka haraka, akaninong'oneza kwa upole kwamba kitu changu kinakaribia kuanguka mfukoni. Nikamshukuru. Nikakisukuma ndani. Kwenye basi la kurudi nilikitoa tena nusu, kwa kiasi kilekile, na nikabaki nimekaa upande upande ili kisikunjamane.

Sijui kwa nini nilikwenda na leso ile kanisani kesho yake. Nadhani nilitaka kujua kama kuna mtu hata mmoja kama mimi ndani ya ukumbi ule. Tulikuwa tumesimama kuomba, nikiwa safu ya nyuma, macho yangu yakiwa wazi, na kwaya ya wanaume ikapita kuelekea mbele. Nilikuwa nimewaona kila Jumapili, lakini siku ile niliwaona kwa mara ya kwanza: mfuko wa nyuma wa kila suruali ulikuwa na leso. Nyeupe, ya bluu, nyekundu, moja ya kijani. Papa Byamungu alitangulia, mwenye mabega ya mtu aliyebeba magunia, na yake ilikuwa nyeupe, imechomoza kama sikio la sungura. Kwa pumzi moja, labda mbili, niliamini. Nikashika kiti cha mbele. Kisha wimbo ukaanza, mikono yao ikaenda nyuma kwa pamoja, leso zikatoka, wakazipunga juu wakicheza, wakajifuta jasho, wakazirudisha, na mimi nikakaa chini nikiwa na aibu ambayo hakuna mtu aliyeijua.

Nilidhani imekwisha hapo. Lakini baada ya ibada Mama Furaha alinisimamisha mlangoni, akanizungusha kwa bega kama mtu anayekagua nguo ya mtoto, akapiga kelele ya furaha. "Papa Furaha! Kuya uone! Onesmo ameweka kitambaa!" Wanaume wa kwaya wakaja. Mmoja akapiga makofi. Nilielewa polepole, kwa vipande. Katika kanisa lile watu wengine waliweka leso mfuko wa mbele au mkononi. Mfuko wa nyuma ulikuwa wa waimbaji. Na mtu mwenye haya, anayetaka kuimba lakini hawezi kuomba, alikuwa akija Jumapili moja na leso nyuma, bila kusema neno, nao wakamwelewa.

"Kumbe weye pia!" alisema Papa Byamungu. Alikuwa akijifuta shingo, anatabasamu. "Juu ya nini haukusema? Siye tunatafuta besi tangu mwaka jana."

"Sijui kuimba, Papa."

"Bon. Hata bale habajue," akasema, akiwaonyesha wenzake kwa kidevu, nao wakaguna na kumcheka. Kisha akanizunguka, akavuta leso yangu kutoka mfuko wa kushoto, akaitazama. "Oh! Na imepigwa pasi." Akaitia mfuko wa kulia na kuipigapiga. "Hapa tunawekaka ku kuume. Mukono ya kuume njo inakamata kitambaa. Ukiweka kushoto, utachelewesha batu yote."

Hivyo ndivyo nilivyohamishwa, mbele ya kanisa zima, kutoka kwa mtu aliye tayari kwa lolote hadi kwa mtu anayesema kwa sasa hapana. Nimelisimulia jambo hili mara chache hapa Buffalo na watu hucheka sana, na mimi hucheka nao. Lakini siku ile nilitembea hadi nyumbani peke yangu na sikuirudisha kushoto.

Mazoezi yalikuwa sebuleni kwake, Jumatano na Ijumaa, makochi yakisukumwa ukutani na zulia likikunjwa. Kulikuwa na harufu ya sombe na ya soksi. Nilikuwa mwimbaji mbaya wa namna ya pekee: nilijua zamu yangu kikamilifu, na kwa kuogopa kuikosa niliingia mapema. Papa Byamungu aligundua hilo wiki ya kwanza. Hakunigombeza. Alianza kunitazama. Kabla ya zamu ya besi haijafika, angali akiwaongoza wanawake kwa mikono, aligeuza macho yake kwangu na kuyaweka hapo, nyusi zimeinuliwa kidogo, kama mtu anayeshikilia mlango; na wakati ulipofika nyusi zilishuka, nami nikaingia. Alifanya hivyo kila wimbo, kila Jumapili, mwaka mzima. Kanisa lilimwona mgongo. Sisi ishirini na kitu tuliosimama mbele yake ndio tuliokuwa na uso wake, na katika kila wimbo kulikuwa na sekunde chache ambazo uso ule ulikuwa wangu peke yangu. Hakuna mtu mwingine aliyenitazama hivyo mwaka ule. Nikilihesabu vizuri, ni wachache walionitazama hivyo tangu hapo.

Na bado, nilipoamua kazi yangu ya kwanza ya kweli, niliamua migongo. Wazo lilikuwa limekamilika kabla sijagusa kamera: leso za kwaya, kila moja mfukoni mwake, bila uso, na chini ya kila picha maandishi ya Kiingereza yanayosema rangi ile ingemaanisha nini kwa wanaume wa zamani. Mtazamaji angesoma, angeangalia, asingejua amwamini nani. Nilijiona mwerevu sana. Nilitundika shuka mbele ya friza, nikaazima taa ya ujenzi, nikawaita wanaume mmoja mmoja baada ya mazoezi. Walidhani ni kumbukumbu ya sare. Waliingia wakitania. "Onesmo, ukipiga nyuma utaona umaskini yangu yote." Niliwasimamisha, nikasogeza taa, nikasogeza leso kwa ncha ya kalamu, nikaomba radhi, nikapiga upya. Papa Byamungu alikuwa mgumu kuliko wote kwa sababu hakuweza kusimama bila kuimba; kila nilipokaribia, mikono yake ilikuwa imeinuka yenyewe, ikiongoza shuka. Nilimwomba aishushe. Ikapanda tena. Mwisho nikapiga hivyo hivyo, nikaudhika, kwa sababu mikono iliharibu mpangilio wa picha nyingine zote.

Ukuta kati ya chumba changu na jiko ulikuwa mwembamba, na wiki hizo nilisikia mengi nikijifanya nimelala baada ya kula. Alasiri moja Mama Furaha alikuwa anachambua maharage akizungumza na Papa Byamungu. Niliyasikia yakianguka kwenye sufuria.

"Ule kijana anapiga kitambaa pasi sawa nguo ya bibi-arusi."

"Acha apige. Na ya kwangu nitamupatia."

"Mie nasema kweli. Hakuna mwanamuke anamupigiaka simu. Hata moja."

"Donc unataka amulalishe wapi? Juu ya friza? Na samaki yako?"

Mama Furaha akacheka, akisikika kama asiyetaka. Maharage yakanyamaza. "Weye unacheka, lakini batu ya kanisa banaanza kusema."

"Baseme," alisema Papa Byamungu. "Bakimaliza, ubaulize nani kati yabo anaweza imba besi."

Maharage yakaanza tena. Nilibaki nimelala chali, mikono kifuani, nikisikia friza ikiguna kando yangu. Sikujua kama alikuwa amenitetea mimi au amelitetea pengo la kwaya yake. Nililigeuza swali hilo kwa miezi, kama nilivyogeuza kona za leso, na halikukaa sawa.

Pasaka tulikwenda Columbus, ambako kwaya za miji kadhaa zilikutana. Tulilala mtaa wa Northland, kwenye nyumba ya mwanakwaya mmoja, wanaume chumba kimoja na magodoro yamegusana. Nilikuwa nimezibeba picha zangu zote, zikiwa zimechapishwa tayari na maandishi yake chini, ndani ya bahasha ngumu. Ukumbi mdogo wa maonyesho wa huku Buffalo ulikuwa umetangaza kutafuta vijana wapiga picha, na nilitaka kuzituma kutoka njiani. Zaidi ya hayo, sikuthubutu kuziacha katika chumba ambacho kila mtu huingia kutafuta samaki. Jumamosi mchana Mama Furaha alitutuma mimi na Papa Byamungu kununua ndagala, yaani dagaa, na unga barabara ya Morse. Pale ni duka baada ya duka, vitenge dirishani, kadi za simu, kinyozi, na magari yasiyopunguza mwendo. Tulipokwisha kununua, ukingoni mwa barabara alinishika mkono. Alinishika kama wanaume wa kwetu wanavyoshikana, vidole ndani ya vidole, huku akiendelea kunieleza kuhusu kwaya ya watu wa huko waliokuwa wakiimba haraka mno. Tulivuka na hakuniachia. Nilijua vizuri mno, kwa masomo yangu, jinsi mikono miwili ya wanaume inavyosomwa katika nchi hii, na mkono wangu ulianza kutoa jasho ndani ya wake. Gari likapunguza mwendo, kijana akatoa kichwa dirishani, akatupigia kelele neno moja. Papa Byamungu akainua mfuko wa unga akampungia. "Anatusalimia," akaniambia. "Batu ya hapa bako bazuri."

Jioni, kabla ya chakula, niliingia chumbani nikamkuta amekaa kwenye godoro langu, miwani puani, picha zangu zimetandazwa mapajani. Alikuwa akitafuta karatasi za nyimbo. Nami nilikuwa nimeiweka bahasha yangu katika mfuko uleule. Jikoni wanawake walikuwa wanacheka, mafuta yanachemka.

"Hii ni mugongo yangu," alisema.

"Ndiyo, Papa."

"Na hii maneno, inasema nini? Kizungu yangu ni ya kazi tu."

Ningeweza kumwambia lolote. Ningeweza kusema inasema jina la wimbo. Lakini nilikuwa nimeyapima maandishi yale kwa wiki nyingi, hata nukta zake, na ilionekana kwangu kwamba nikidanganya pale sitakuwa na kitu chochote changu kilichobaki. Nikakaa chini sakafuni mbele yake, nikamweleza alama. Zamani. Wanaume wanaopenda wanaume. Rangi. Kushoto na kulia. Sikusema kwamba ni mimi. Nilipomaliza, yeye alikuwa bado anaitazama picha.

"Ile chungwa ni ya nani?"

"Yangu."

"Kushoto inasema nini?"

"Inasema niko tayari."

"Na kuume?"

"Kwa sasa, hapana."

Alivua miwani. Akabonyeza pembe za macho kwa vidole viwili. "Donc ni miye nilikufungia mulango," alisema.

Akauliza tena, bila kunitazama, "Na ule kijana wa gari? Hakutusalimia?"

"Hapana, Papa."

"Juu tulishikana mikono?"

"Ndiyo."

Alizikusanya picha polepole, akizilinganisha kingo kwa kuzigongagonga kwenye goti, kazi ambayo kwa kawaida ni yangu. "Picha ya bale bengine, utoe maneno," alisema. "Bako na bibi, bako na batoto, na haukubauliza. Ya yangu, uache." Kisha, akiwa ameshasimama: "Mu kanisa, kuume. Inje, weye mwenyewe unajua." Alikwenda hadi mlangoni akarudi. "Na kitu ingine. Unatupiga mugongo tu. Siye tuko na sura." Akachukua kamera yangu godoroni, akaishika kinyume, nikaigeuza mkononi mwake, akanipiga picha moja nikiwa sakafuni. Nikamwambia tukirudi nyumbani nitampiga yake, kwa mwanga mzuri. Akasema sawa.

Kesho yake asubuhi unga ulikuwa umekwisha na tukatumwa tena. Ukingoni mwa barabara ya Morse alisimama, akatazama kushoto, akatazama kulia, akatazama kushoto tena, muda mrefu kuliko magari yalivyohitaji. Nikaficha mikono yangu mfukoni ili asijisikie kulazimika. Akausubiri mkono mmoja utoke. Ulipotoka, akaushika, tukavuka.

Uso wake sikuupiga. Hapakuwa na kisa chochote: wiki moja mwanga ulikuwa mbaya, wiki nyingine sare zilikuwa kwa fundi, na mimi sikutaka kupiga picha ile vibaya. Ukumbi wa Buffalo ulinijibu, nikahamia huku kabla ya baridi. Picha zilitundikwa, nyingi bila maandishi. Watu wachache walikuja, wakala jibini kwa vijiti, wakasimama zaidi mbele ya ile yenye mikono iliyoinuliwa, wakaniuliza anafanya nini. Nikasema anaongoza. Wakauliza anamwongoza nani. Nikasema besi. Nimekutana na wanaume tangu hapo, nimependa wawili, mmoja aliishi na mimi hapa Kenmore hadi alipochoka kusubiri niridhike na kila kitu. Kila Pasaka Papa Byamungu alinipigia simu, akaniuliza kama naimba. Nilimwambia hapana. "Bon," alisema kila mara, "sauti haiozi."

Jumanne ile niliacha ngazi zangu na theluji yake, nikafungua diski zote. Nilipata mabega, shingo, mifuko, leso nyeupe katika kila mwanga. Nilipata uso mmoja tu katika mkusanyiko mzima, nao ni wangu: kijana aliyekaa sakafuni, ameinua macho, hana alama yoyote mahali popote, na anaonekana kama mtu ambaye zamu yake imekaribia. Imepigwa vibaya, upande umekatika. Sijawahi kuiona picha yangu nikiwa vile. Nilikaa nayo muda. Kisha nikampigia Furaha nikamwambia ukweli, nikamtumia ile ya mikono iliyoinuliwa ili tu asibaki mikono mitupu. Hakujibu hadi jioni. Alipopiga, aliweka simu mbele ya mama yake.

"Onesmo," alisema Mama Furaha. Sauti yake ilikuwa imechoka. "Hii njo yeye."

"Mama, haina uso."

"Miye najua uso yake. Kanisa inajua hii. Tumeshaituma kwa wenye bango." Sauti yake ikasogea karibu na simu. "Kuya na kitambaa yako."

Niliendesha gari kutoka Kenmore kwenda Louisville nikiwa na leso yangu mfuko wa kushoto, njia yote, nikapita Columbus bila kusimama. Kwenye maegesho ya kanisa nilizima gari, nikatoka, nikaitoa leso na kuiweka kulia. Ndani watu walikuwa wengi, fulana nyeupe zenye mgongo wake kifuani mwa kila mtu. Bango lilikuwa kubwa kama mlango. Hawakulitundika ukutani. Walikuwa wamelisimamisha pale alipokuwa akisimama, kati ya kwaya na viti, mikono juu, leso mfukoni, na kila aliyeingia alilitazama mara moja tu akaketi, kama mtu aliyechelewa ibada. Nilisikia mama mmoja nyuma yangu akimwambia mwenzake, "Ni yeye kabisa. Hata vile suruali inamukaliaka."

Furaha alinionyesha nafasi yangu ya zamani. Nilipita kando ya bango, nikapanda kwenye safu ya besi, nikageuka. Upande wetu bango halikuwa na kitu. Lilikuwa kitambaa cheupe, pana, kinachopeperuka kidogo kila mlango ulipofunguliwa. Wenzangu walikitazama. Wanawake wakaanza, bila mtu wa kuwaanzisha. Nilijua pale ambapo uso wake ungekuwa, kwa urefu na kwa upande, na nilijua ni neno gani ambalo macho yangekuja kwangu. Nikaweka yangu hapo. Neno likafika, likapita. Kwa mara ya kwanza, bila macho yake, sikuingia mapema. Nilingoja, nikangoja mpaka niliposikia mahali penyewe, kisha nikaimba.